Barua kwa mwanangu anayeandika ankara

Tandika, Dar es Salaam

Mwanangu Hamisi,

Salaam nyingi kutoka nyumbani. Sote wazima, isipokuwa goti la baba yako, ambalo mvua zikianza na lenyewe huanza. Ujumbe wako wa sauti niliusikia mara ya kwanza nikiwa na foleni ya wateja, nikaurudia usiku nikiwa nimetulia. Unasema mkulima anatoa mahindi, mwenye kiwanda anatoa mafuta, na wewe uliye kwenye ofisi ya kampuni ya malori huko Dodoma unatoa ankara. Sasa unazalisha nini? Na nchi ambayo vijana wake wanaendesha bodaboda, wanauza vocha au wanashinda kwenye kompyuta, itafika wapi? Ukamalizia kwamba rafiki yako anakuita Singida mkakamue alizeti, angalau uwe na kitu cha kushika mkononi.

Nimefundisha somo la biashara mpaka nikastaafu, ndipo nikaingia kwenye uwakala wa kutuma na kutoa pesa kwa simu. Kwa hiyo jibu fupi usilitegemee.

Swali lako ni la zamani sana. Adam Smith, yule Mskoti, aliliandika mwaka 1776: kazi ya fundi wa kiwandani inabaki ndani ya kitu kinachouzwa, ya mtumishi wa nyumbani inapotea hapo hapo inapofanyika. Katika kundi la wasiozalisha akawaweka wachungaji, wanasheria, matabibu, wasomi wa kila aina, wachekeshaji na waimbaji. Tabibu na mchekeshaji fungu moja! Na yeye mwenyewe alikuwa mwalimu wa chuo. Fikra hiyo haijawatoka watu mpaka leo, ndiyo maana mjomba wako hawezi kumaliza kikombe cha kahawa kijiweni bila kusema Watanzania tunauziana hewa.

Lakini hebu zitazame nchi ambazo mjomba anatupigia mfano. Uingereza, kule viwanda vilikoanzia, na Marekani pia, karibu watu wanne katika kila watano walio kazini wako kwenye huduma: hospitali, shule, benki, maduka, usafiri, programu za kompyuta. China, inayotuletea karibu kila kitu kinachopangwa Kariakoo, tangu mwaka 2015 zaidi ya nusu ya pato lake linatokana na huduma. Na si kwamba viwanda vimekufa. Mwishoni mwa miaka ya 1970 Marekani ilikuwa na watu zaidi ya milioni 19 viwandani. Leo hawafiki milioni 13, na bidhaa zinazotoka ni nyingi kuliko za wakati ule. Mashine zimechukua mikono. Halafu mtu akishashiba na kuvaa, hali chakula mara tatu zaidi eti kwa sababu mshahara umepanda. Hela inayoongezeka inakwenda kwenye tuisheni ya watoto, hospitali nzuri, bando, basi lenye kiyoyozi.

Hapo kuna jambo ambalo nilipenda kulifundisha kwa kutumia nywele. Mke wako akisukwa rasta ndogondogo leo, atakaa saa zile zile ambazo mimi nilikaa nilipokuwa msichana. Msusi hajapata mashine. Lakini msusi naye analipa kodi ya chumba, ananunua unga kwa bei ya leo, na kama hatalipwa vizuri ataacha kusuka akafanye kazi nyingine. Kwa hiyo bei ya kusuka inapanda ingawa mikono ni ile ile. Mwaka 1966 wachumi wawili wa Marekani, William Baumol na William Bowen, walilieleza hilo kwa mfano wa wapiga muziki: kipande cha wapigaji wanne hakipigwi na wawili, wala hakipigwi kwa nusu ya muda. Kwa nini ada ya shule na gharama za hospitali zinapanda kuliko bei ya redio? Wanafunzi wangu walikuwa wanajibu “ufisadi”. Upo, sikatai, lakini si yote ni ufisadi.

Sasa nikurudishe hapa kibandani. Nina mteja, Mama Zuhura, anakaanga samaki. Zamani alikuwa akifunga pesa kwenye pindo la khanga, anadamka kabla ya adhana kuwahi daladala ya kwenda soko la samaki la Feri, na akifika ananunua kwa bei yoyote atakayoikuta mnadani, maana nauli ameshalipa na kurudi mikono mitupu hawezi. Siku hizi ana mtu wake pale Feri. Bei ikiwa mbaya anaambiwa leo tulia, anakaanga mihogo. Ikiwa nzuri anatuma pesa, ndoo inakuja kwa bodaboda yeye akiwa anawasha makaa. Mimi hapo sikuvua wala sikukaanga. Nilichofanya ni kuhakikisha alfajiri ile nina floti ya kutosha, yaani salio la wakala kwenye simu, kwa mtandao anaoutumia.

Usidhani ni kazi ya kukaa tu. Ijumaa jioni na mwisho wa mwezi watu wanatoa, noti zinakauka, floti inajaa. Jumatatu wenye maduka wanaweka, mambo yanageuka. Usipoisoma wiki yako utakimbizana kwenda kwa wakala mkuu huku foleni inanung'unika, na aliyechoka kusubiri ameshahamia kwa jirani. Huduma hii Wakenya waliianza mwaka 2007, sisi ikatufikia mwaka uliofuata. Kabla ya hapo, kumpelekea bibi yako hela Songea nilikuwa nampa konda wa basi bahasha na kuomba Mungu. Na thamani yake utaijua ikiguswa: mwaka 2021 serikali ilipoweka tozo kwenye miamala, niliona kwa macho yangu watu wakirudi kubeba noti mifukoni. Kelele zilikuwa kubwa mpaka tozo ikapunguzwa.

Kuhusu ankara zako, muulize baba yako. Miaka yake ya lori la Zambia, kilichomzeesha hakikuwa barabara, kilikuwa Tunduma. Anapanga foleni, analala chini ya lori, anapika ugali pembeni, karatasi zinakaguliwa upande wetu, halafu zinakaguliwa tena Nakonde, upande wa Zambia, kana kwamba nambari hubadilika zikivuka mpaka. Lori limesimama, lakini dereva anakula, mkopo wa benki unaendelea kuhesabu riba, na mwenye mzigo Lusaka anapandisha bei ya bidhaa yake. Mwaka 2019 pakafunguliwa kituo cha pamoja cha mpakani, ukaguzi wa nchi zote mbili ukawekwa pamoja. Hakuna aliyejenga kiwanda hapo. Wamepanga tu madawati na karatasi.

Na bandari yetu ni hivyo hivyo. Zambia, Kongo, Malawi, Rwanda, Burundi na Uganda wanapitishia mizigo hapa, na wanatulipa fedha za kigeni kwa kupakua, kutunza, kubeba na kuandika. Hayo ni mauzo ya nje, mwanangu, ingawa hakuna gunia lililotoka shambani kwetu. Tarakimu moja ya namba ya kontena ikikosewa kwenye karatasi yako, kontena linabaki pale pale na gharama za kuchelewa zinaanza kuhesabiwa. Wewe unajiona unaandika. Dereva aliyeko Vwawa anakuona kama mtu anayemfikisha au anayemkwamisha.

Ila mjomba wako naye nimpe haki yake, kwa sababu kuna kitu anakiona hata kama anakisema vibaya.

Karibu na kibanda changu kuna kijiwe cha bodaboda chenye vijana wengi kuliko abiria. Akiongezeka mmoja, safari haziongezeki, zinagawanywa. Hiyo nayo kwenye takwimu inaitwa sekta ya huduma, na inahesabiwa pamoja na rubani na daktari wa moyo. Ulaya mtu alitoka shambani akaenda kiwandani, na mtoto au mjukuu wake ndiye aliyeingia ofisini. Kwetu wengi wametoka shambani moja kwa moja wakaja kupanga biashara barabarani. Mchumi mmoja mzaliwa wa Uturuki, Dani Rodrik wa Harvard, ameandika sana juu ya nchi zinazoanza kupoteza viwanda kabla hazijatajirika navyo. Mimi sikuhitaji kumsoma ili nielewe. Babu yako alikuwa fundi mitambo kwenye kiwanda kimoja cha nguo hapa mjini. Vipuri vikakosekana, umeme ukawa wa kubahatisha, mitumba ikajaa sokoni. Alipopunguzwa kazi aliingia kwenye huduma kama vitabu vinavyotabiri: meza ya karanga na sigara kituoni. Mtu aliyekuwa anaweza kufungua mashine na kuifunga gizani.

Kwa hiyo mimi sipimi kazi kwa kuangalia kama inashikika. Naangalia kama kuna mwingine anayefanya kazi zaidi, au vizuri zaidi, kwa kuwa huyu yupo. Bodaboda anayeleta ndoo ya Mama Zuhura yumo. Yule wa ishirini anayelala juu ya pikipiki mchana kutwa, hayumo, na kosa si lake. Kilimo chetu kinatoa kama robo tu ya pato la taifa huku kikibeba zaidi ya nusu ya wafanyakazi. Hao ndio wanaokimbilia mjini, na mjini hapana viwanda vya kuwapokea wote.

Hata utalii usikubabaishe. Mwaka 2019 tulipata wageni zaidi ya milioni 1.5, korona ikaja, mwaka 2020 wakashuka mpaka laki sita na ushei. Mwaka 2023 wamepita milioni 1.8 na kuacha zaidi ya dola bilioni 3, sawa. Lakini hoteli ikiagiza shuka, juisi na viti kutoka nje, ile dola inapita hapa kusalimia tu. Mimi nataka hoteli inayonunua juisi kwa mtu wa Muheza. Huduma na kiwanda havina ugomvi isipokuwa kwenye maneno ya kijiweni.

Ndiyo maana Singida sikukatazi. Alizeti ipo, na nchi bado inaagiza mafuta mengi ya kula kutoka nje, soko lipo. Ila mashine nyingi za kukamua husimama sehemu kubwa ya mwaka, na si kwa kuharibika. Mbegu zinakuwa zimekwisha. Mkulima aliuza zote wakati wa mavuno kwa sababu hakuwa na ghala wala wa kumkopesha, na mkamuaji hakuwa na mtaji wa kununua za miezi ya mbele. Tena mafuta bila nembo ya TBS, shirika la viwango, na chupa nzuri utayauza kwenye madumu barabarani. Hesabu mwenyewe: ghala, mkopo, vipimo, lori, soko. Kati ya hayo, lipi ni kukamua?

Kabla hujaandika barua ya kuacha kazi, mwombe rafiki yako akuonyeshe daftari la mbegu zilizoingia mwaka jana, mwezi kwa mwezi. Kama analo, kaa nalo usiku mmoja, uone mashine ilifanya kazi miezi mingapi, na nani alidaiwa. Kama hana, basi mashine si kitu cha kwanza anachokihitaji kutoka kwako, na usiweke akiba yako humo mpaka daftari liwepo.

Shangazi yako anakuja huko Jumamosi kwa treni ya SGR. Nimempa dagaa na doti mbili za khanga za mkeo. Kampokee stesheni, mzigo ni mzito na bodaboda watamlangua.

Mama yako