Kuondoa kesi ili uirudishe kama ya maslahi ya umma

Maswali haya yanahusu kesi za kikatiba katika Mahakama Kuu ya Kenya.

Kaunti ilifuta leseni yangu ya uchuuzi bila kunisikiza, nikashtaki. Kumbe tumefutiwa wengi. Niiondoe kesi niifungue upya kwa niaba ya wote?

Usiharakishe kuiondoa. Kanuni ya 18 ya Kanuni za Mutunga za mwaka 2013, zinazoongoza uendeshaji wa kesi za kikatiba, inakuruhusu kurekebisha ombi (hati inayofungua kesi ya kikatiba) kwa idhini ya mahakama, na mara nyingi hilo latosha. Taja Kifungu cha 22(2)(c) na 258(2)(c) cha Katiba, vinavyomruhusu mtu kushtaki kwa maslahi ya umma. Kisha eleza madhara waliyopata wachuuzi wote, na upanue nafuu, yaani amri unazoomba mahakama itoe: badala ya "leseni yangu irudishwe", omba uamuzi wenyewe wa kufuta leseni utanguliwe. Wengi hubadilisha kichwa cha ombi tu, aya za ndani zikabaki "mimi, mimi". Upande wa pili hauchelewi kuliona hilo.

Ukirekebisha unabaki na nambari yako ya kesi pamoja na amri za muda, zile zinazokulinda hadi kesi iamuliwe. Ukiondoa kesi, amri hizo zinakufa nayo, na askari wa kaunti wanaweza kufika sokoni kabla ombi jipya halijapangiwa jaji. Watu wamepoteza mali katika pengo hilo la siku mbili tatu.

Kuondoa kunafaa pale kesi ilipofunguliwa katika mahakama isiyo na mamlaka, maana marekebisho hayaponyi kasoro hiyo, au pale ambapo ukweli, walalamikiwa na nafuu vyote vimebadilika.

Nikiamua kuiondoa, notisi pekee inatosha?

Haitoshi. Kanuni ya 27 inataka uombe, ukiiarifu mahakama na mlalamikiwa. Jaji husikiza pande zote, kisha huamua, na kusema uamuzi huo una athari gani kisheria. Anaweza hata kukataa na kuendelea na kesi, mradi aandike sababu.

Omba waziwazi kwamba kesi iondolewe *na uwe huru kufungua nyingine kuhusu jambo hilohilo*. Amri ikitoka, isome neno kwa neno. Ikiwa maneno hayo hayamo, rudi kwa jaji mapema. Yakikosekana, pingamizi la kwanza dhidi ya kesi mpya litatoka hapo.

Naweza kufungua mpya kwanza, ndipo niondoe ya zamani?

Hapana. Kifungu cha 6 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai kinazuia kesi ya pili kuendelea huku ya kwanza, kuhusu suala lilelile, ikingali mahakamani. Isitoshe, Kanuni ya 10 ya Kanuni za Mutunga inakutaka utaje kesi nyingine zinazohusiana na ombi lako. Taja nambari ya zamani na uambatishe amri ya kuiondoa. Ukificha, utaonekana unatafuta jaji wa kukupendeza.

Nitalipishwa gharama?

Kanuni ya 26 inamwachia jaji aamue. Ondoa mapema, kabla walalamikiwa hawajajibu. Jina "maslahi ya umma" halikukingi ikiwa faida inayotafutwa ni ya mfuko wako.

Hati yangu ya kiapo ya awali bado inafaa?

Haifai, kwa kuwa ina nambari ya kesi iliyokwisha na inakuzungumzia wewe peke yako. Apa upya mbele ya kamishna wa viapo, na kila kielelezo (hati ya ushahidi unayoiambatisha) kigongwe muhuri na kutiwa alama upya.