Kwa mnaoanza kundi la saksafoni nne: anzeni na baritoni

Mkiwa wanne, soprano, alto, tenor na baritoni (kuanzia saksafoni ya sauti nyembamba hadi ya sauti nene), na hakuna mpiga ngoma, mapigo anayo nani? Mwanzoni mimi niliamini ni soprano, kwa kuwa ndiye anayebeba wimbo na ndiye anayetuanzisha kwa kichwa. Siku tuliyorekodi mazoezi kwa simu tuliona aibu. Vipande vya klasiki vilipita vizuri, lakini tulipoingia jazi tulisikika kama watu wanne wanaoshuka ngazi gizani.

Dawa ilikuwa baritoni. Apige sehemu yake peke yake, metronomu ikigonga pigo la pili na la nne tu, mpaka mguu wa kila mmoja utikisike bila kuambiwa. Kisha aongezeke tenor, halafu alto. Soprano awe wa mwisho.

Kubalianeni pia kuhusu swingi. Karatasi huandika noti mbili za nusu pigo zikiwa sawa, lakini kwenye jazi, noti ya kwanza hurefuka na ya pili hufupika, na kadiri mwendo unavyokuwa wa kasi ndivyo zinavyokaribiana tena. Aliyetoka klasiki hukazania urefu huo akasahau ulimi. Jaribu kugusa mwanzi (kile kipande chembamba kinachotetemeka mdomoni) kwa ulimi kwenye ile noti fupi, kisha uiache iteleze hadi pigo linalofuata. Hapo ndipo swingi ilipo.

Kwa upande wa klasiki, pigeni kwarteti (utunzi wa wapigaji wanne) ya mwaka 1932 ya Glazunov, mtunzi Mrusi, aliyowaandikia Marcel Mule, mpiga saksafoni Mfaransa, na wenzake. Ile mada ya sehemu ya pili ipigeni bila vibrato, yaani kutetemesha sauti, hata kidogo. Vibrato nne zenye kasi tofauti huficha sauti zilizopotoka, nanyi mnataka kuzisikia.

Na zitapotoka. D ya kati, ile ya kubonyeza kitufe cha oktavu, hupenda kupanda juu kuliko inavyotakiwa karibu kwenye kila saksafoni. Lakini noti iliyoandikwa D kwa alto husikika kama F, na kwa tenor kama C, kwa hiyo kasoro ileile hujitokeza mahali tofauti kwa kila mtu. Noti zikigombana, msiulize nani amekosea; ulizeni nani yuko kwenye D. Aliye na noti ya tatu ya meja (ile ya katikati katika kodi ya meja, kama E katika C-E-G) naye ashushe kidogo, kama senti 14, yaani sehemu 14 kati ya 100 za nusu toni.

Kuhusu kipulizio, ile sehemu inayoingia mdomoni, mimi nilinunua cha chuma kwa ajili ya jazi. Alto akaniuliza kama nina hasira. Kubadilisha kipulizio katikati ya onyesho huvuruga upatanisho wote. Chagua kimoja chenye uwazi wa wastani kati ya ncha yake na mwanzi, rangi ya sauti uibadilishe kwa pumzi na koo.

Mpaka leo dakika kumi za kwanza ni za baritoni. Soprano wetu anazichukia, huleta gazeti.