Kabla hujaweka "picha za zamani zozote"

Nahariri video hapa Mbeya, na kazi nyingi ninazoletewa zina historia ndani yake: jubilei ya parokia, ushirika wa kahawa, kumbukumbu ya mzee aliyefanya kazi relini. Mteja akifika kwenye sehemu ya miaka ya nyuma husema, "Hapo weka picha za zamani zozote." Hapo ndipo tunapoanza kubishana.

Chukua TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia. Ilijengwa kati ya 1970 na 1975 kwa mkopo wa China, na ilianza safari kwa vichwa vya dizeli. Ukiweka treni ya makaa inayofuka moshi huku msimulizi anataja Makambako, kijana wa chuo huenda asigutuke. Lakini mzee aliyetandika mataruma pale atakucheka, na kuanzia hapo hatakuamini hata uliyopatia. Wala usimpe treni ya Tabora: Reli ya Kati ina upana wa milimita 1,000, TAZARA 1,067, kwa hiyo treni ya huko haiwezi kupita huku. Kama hujui picha ilipigwa wapi, msimulizi asitaje mahali.

Usipoteze muda kutafuta habari za televisheni za miaka ya 70 kutoka Tanzania Bara. Televisheni huku ilianza 1994. Kabla ya hapo matukio yalipigwa kwa filamu, na nyingine ziko nje. British Pathé, kampuni ya Uingereza ya filamu za habari, waliweka filamu 85,000 YouTube mwaka 2014. Kuzitazama ni bure, kuzitumia kunahitaji leseni, na wengi hulisahau hilo mpaka video yao ishushwe. Zile za enzi ya mkoloni mimi huzima sauti kwanza. Maelezo yake yanakuelekeza kwa gavana, ilhali cha maana mara nyingi kiko pembeni: wapagazi, nguo, sura ya barabara.

Hazina kubwa, kwa maoni yangu, iko kabatini mwa watu: mikanda ya VHS ya harusi na kipaimara. Baridi na ukungu wa Tukuyu haviipendi kabisa. Kabla hujautia mkanda kwenye deki, chungulia kwenye kidirisha chake. Ukiona unga mweupe ukingoni mwa utepe, hiyo ni kuvu. Usiucheze, maana itaganda kwenye hedi za deki (sehemu zinazosoma utepe) na kuhamia mkanda unaofuata. Usafishwe kwanza. Ukiwa mzima, upeleke mbele hadi mwisho, uurudishe, ndipo urekodi kwa fremu 25 kwa sekunde. Umbo la picha yake la 4:3 (upana kwa kimo) liache lilivyo. Bibi harusi aliyevutwa kujaza skrini pana huonekana kama kafura, na mwenyewe yupo hai, ataiona.

Kuhusu ruhusa, aliyetunza mkanda si lazima awe ndiye mwenye haki. Mtafute na mpiga picha. Mimi huwapelekea familia nakala kwenye flashi kwanza, waitazame yote pamoja, ndipo natoa karatasi ya kusaini. Kuna walioniomba nikate sehemu, nami nikakata.