Unaposhika Kamera na Kuongoza Mwenyewe

Vijana wengi huniuliza namna ya kuishi kwa filamu za makala wakiwa wapigapicha na waongozaji wa kazi zao wenyewe. Jibu langu huanza na masikio, kwa kuwa jicho likizama katika kamera mtu huacha kusikia, na mwongozaji asiyesikia hana filamu.

Nilijifunza hayo Nungwi, kaskazini mwa Unguja, nilipokuwa nikirekodi mafundi wa majahazi. Mzee mmoja alikuwa akichonga taruma, yaani ubavu wa jahazi, kwa tezo, kifaa chake cha kuchongea mbao, nami nilivutiwa mno na mikono yake hata sikutambua kwamba alikuwa akimweleza mjukuu wake sababu ya kuacha kusafiri baharini. Picha ilitoka safi, lakini sauti ilikuwa upepo wa kusi mtupu, kwani sikuvaa hedifoni wala sikuikinga maikrofoni. Nilipomwomba arudie, alisema kwa upole, "Mwanangu, hilo nimeshalisema." Sikumlazimisha, kwa sababu neno linalorudiwa kwa ajili ya kamera huwa igizo.

Tangu hapo, siku za mwanzo huenda mikono mitupu, nikakaa na watu na kusaidia kushika mbao, mpaka nijue nani huzungumza na nani, na saa ngapi. Fundi anapoweka tezo chini sizimi kamera. Naiacha nusu dakika zaidi, maana watu husema mazito mikono ikipumzika. Kabla ya kuondoka hurekodi ukimya wa mahali pale, kwani mhariri atauhitaji kuziba mapengo ya sauti.

Mambo ya mitambo hufundishika haraka: umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo chini ya taa weka shata, yaani muda wa kamera kupokea mwanga kwa kila picha, iwe 1/50 au 1/100 ya sekunde, la sivyo picha huenda ikapepesa.

Usidharau kazi za harusi. Zimelipia filamu zangu kwa miaka mingi, na zimenizoeza kuwahi tukio lisilorudiwa.

Filamu ikikamilika, waonyeshe kwanza wale uliowarekodi, kabla ya kuipeleka Ngome Kongwe, mjini Zanzibar, kwenye Tamasha la Filamu la Nchi za Jahazi. Mimi nilitundika shuka pwani. Mzee alitazama hadi mwisho, kisha akaniuliza kwa nini mlio wa kuchonga uliosikika katika filamu haukuwa wa tezo yake. Nilikiri kwamba tuliazima wa fundi mwingine kwa kuwa wake ulimezwa na upepo. Alfajiri yake aliniita, akachonga kimya kimya hadi nikatosheka.