Ukipandishwa kwenye meza ya uongozi, usianze kubadilisha watu

Wadogo zangu mnaoitwa sahii mkae na wakubwa, hili nawaambia kwa moyo safi manake mimi liliniumiza. Kampuni yetu ni ya kuklia mizigo, yaani kuitoa forodhani, hapa Mombasa, tulianza watu 6 tukafika 40, na tulipokuwa 6 hakuna aliyejali nani yuwafanya kazi vipi kwa sababu sote tulikuwa chumba kimoja na ukitaka kitu wageuza kiti tu.

Shida ilikuja tulipokua. Kaka wa operesheni yeye ni mtu wa mbio, ashaamua akiwa kwenye foleni ya feri Likoni, atuma voisi noti tatu na kazi imeanza. Bi wa hesabu hataki kuulizwa jambo papo hapo, apewe karatasi akalale nayo, kesho atakwambia kosa liko wapi. Mimi nikamuona mmoja hana subira na mwengine ni mzito, nikakaa miezi nikiwasukuma wafanane, na hilo ndilo kosa langu kubwa.

Siku moja entri, yaani fomu ya mzigo ya forodha, iliingizwa haraka, bidhaa ikawekwa namba ya ushuru isiyo yake, tukaanza kufukuzana na marekebisho huku siku za kuweka mzigo bure bandarini zinaisha na gharama ya storeji inahesabu. Mwezi huohuo tulitaka kukodi malori mawili, tukangoja sahihi wiki nzima na mteja akaenda kwengine. Mbio zilituponza upande mmoja, upole ukatuponza upande wa pili, basi nikaona tabia za watu haziwezi kuwa ndio tatizo.

Jeff Bezos wa Amazon kwenye barua yake ya mwaka 2015 kwa wenye hisa aligawa maamuzi mafungu mawili, kuna mlango ukishapita huwezi kurudi, na kuna mlango ukiona huko kubaya wageuka warudi. Sisi tukalichukua hilo. Lori la kukodi ni mlango wa kurudi, kaka aamue peke yake hata akiwa kwenye feri. Entri, mkataba wa mteja na kuajiri meneja, hapo bi wa hesabu asome kwanza na hakuna kumharakisha, hata mteja apige simu mara kumi.

Na jamani, mkutanoni muulizeni kwanza yule asiyesema sana, manake mwenye sauti akishaanza wengine huitikia tu, halafu wakitoka nje wakinywa kahawa ndio utasikia walichokuwa nacho moyoni. Voisi noti pia tunazikubali, ila uamuzi uandikwe kwenye grupu kabla watu hawajaenda nyumbani.

Mkutano wetu ni Jumanne asubuhi, karatasi zinatumwa Jumatatu kabla ya alasiri. Asiyetuma, mada yake yangoja wiki ijayo, na mimi nishangojeshwa mara mbili.