√50/√8: ni namba wiano au siyo?

Mdogo wangu wa Kadutu, unauliza kwa nini mwalimu amekukata pointi ulipojibu kwamba √50/√8 si namba wiano (yaani haiandikiki kama sehemu ya namba nzima mbili), wakati kalkuleta inaonyesha 7,071067812 kwa juu na 2,828427125 kwa chini. Umehukumu mapema. Rahisisha kwanza: √50 ni 5√2, √8 ni 2√2. Hizo √2 zinakatana, inabaki 5/2. Sehemu ya namba nzima mbili hiyo, basi ni namba wiano. Mwalimu yuko sawa.

Namba iliyo ndani ya kipeuo ivunje kwa namba tasa, kisha kila jozi itoe nje. Ndani ikibaki 1, ni wiano. 72 ni 2×2×2×3×3, inatoa 6√2: ile 2 imekosa mwenzake, si wiano. Desimali igeuze kwanza iwe sehemu. √0,04 ni 1/5, lakini √0,4 ni √10/5, si wiano (wengi wanaanguka hapo).

Kalkuleta usiitegemee: hata 1/7 inajaza kioo kizima, na ni wiano. Halafu ndani ya kipeuo jumlisha kwanza: √(9+16) ni √25, yaani 5, siyo 3+4=7! Kama kuvunja kwa namba tasa bado kunakusumbua, muone mwalimu wako mapema, kabla Exetat (mtihani wa taifa wa kumaliza sekondari) haijakaribia.