Jibu langu ni Amrish Puri

Wiki hii mmeuliza: ni mwigizaji yupi ambaye hakuwa steringi, lakini bila yeye picha isingesimama? Mimi namtaja Amrish Puri, mwigizaji wa sinema za Kihindi, yule ambaye wengi wetu huku Pwani tulimwita Mogambo mpaka jina lake halisi tukalisahau.

Mr. India, filamu ambamo Puri ni adui mkuu aitwaye Mogambo, ilitoka mwaka 1987. Mikanda yake ilipofika mitaani kwetu Tanga, kila mtoto alijua kusema "Mogambo khush hua" kwa sauti nzito ya kujilazimisha. Kihindi hatukukijua, ila tulielewa kwamba Mogambo amefurahi, na akifurahi yeye kuna mtu yuko taabani. Itazameni tena mkiwa watu wazima. Kavaa wigi la rangi ya dhahabu na koti la kijeshi lililojaa nakshi, mavazi ambayo mwigizaji mwingine yangemgeuza kichekesho. Yeye kakaa kitini, anachezesha vidole juu ya tufe la kwenye mkono wa kiti, ananyamaza kidogo, ndipo anasema maneno yake matatu. Askari wake wanajirusha kwenye tindikali kwa amri yake na uso wake hautikisiki. Hofu yote inatoka kwenye kule kutulia.

Utulivu ule aliuchuma jukwaani. Alizaliwa Punjab mwaka 1932, na alipokwenda Bombay kutafuta nafasi kaka zake Chaman na Madan walikuwa tayari waigizaji. Akajaribiwa kama steringi, akakataliwa. Basi akaajiriwa katika shirika la bima la serikali, na nje ya saa za kazi akawa mtu wa maigizo ya jukwaani chini ya mwongozaji Satyadev Dubey. Sinema ilikuja kumpokea sawasawa umri umeshapita miaka 40, mwongozaji Shyam Benegal alipompa nafasi katika Nishant (1975), Manthan na Bhumika.

Hiyo Bhumika ya 1977 natamani kila kijana anayeigiza adui kwenye Bongo Movie aitazame. Puri ni tajiri mwenye mashamba, mpole, mwenye adabu, anayempa makazi mwigizaji wa kike aliyechoshwa na maisha yake. Siku mwanamke huyo anapotaka kumpeleka mtoto kwenye tamasha, anaambiwa kwamba wanawake wa nyumba ile hawatoki. Hakuna kofi, hakuna makelele, na nyumba nzima imeshakuwa jela. Wengi wetu tumezoea adui wa kukunja ndita na kucheka kwa nguvu, kwa hiyo tunapitwa na mambo kama haya.

Wamarekani wanamjua kwa Mola Ram, kuhani anayeng'oa moyo wa mtu kwa mkono katika filamu ya Indiana Jones ya 1984. Alinyoa kichwa kwa ajili ya kazi hiyo na upara akabaki nao. Mimi siihesabu kati ya kazi zake kubwa. Namweka juu zaidi katika Tamas, tamthilia ya televisheni ya Govind Nihalani ya 1988 kuhusu machafuko ya wakati India inagawanywa, ambamo ni kiongozi wa Masingasinga waliojihami ndani ya hekalu lao. Na anayedhani hakuweza kuchekesha amtafute katika Chachi 420, mzee mzima kampenda yaya ambaye kumbe ni mwanamume!

Lakini kilichonifanya nimwandikie jibu refu hivi ni akina baba aliowaigiza. Katika Dilwale Dulhania Le Jayenge (1995) ni Baldev Singh, mwenye duka London anayeiota Punjab kila siku. Mwishoni treni inaondoka, na watu wote humtazama Shah Rukh Khan, kijana anayempenda binti wa Baldev, pale mlangoni. Mimi hutazama mkono wa baba uliomkamata binti. Tunamwogopa kwa sababu Mogambo bado tunamkumbuka, naye anajua kwamba tunamwogopa. Anapouachia ule mkono, hasemi mengi, na uso ni uleule wa siku zote, macho yaleyale makubwa. Sisi tuliomchukia miaka yote tunajikuta tunalia pamoja naye.

Alipata tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi mara tatu: kwa Meri Jung, Ghatak na Virasat. Mbili za mwisho alizipata akiwa baba. Ile Virasat ya 1997 ina Anil Kapoor, steringi yuleyule aliyepambana na Mogambo miaka kumi nyuma. Safari hii Kapoor ni mwanawe aliyerudi kutoka London, na mzee anamtaka abaki kijijini na watu wake. Wawili wale wanakaa wanazungumza, baba na mwana, na sikumbuki hata mara moja kuwaza habari za tindikali.